Baba Krismasi na Baba Aliye Nyumbani



Majilio yakianza, yule mzee mnene mwenye ndevu nyeupe na koti jekundu hujitokeza kila mahali. Yuko kwenye milango ya maduka makubwa ya Nairobi, Mombasa na Kisumu. Yuko kwenye kadi, kwenye runinga na kwenye simu. Amevaa nguo za baridi kali ilhali Desemba kwetu jua linawaka. Watoto wanampenda, na wazazi wengi humwona kuwa pambo tu lisilo na madhara. Lakini huyu si pambo tu, kwa maana anafundisha. Anawaambia watoto wenu zawadi hutoka wapi, ni nani anayestahili kuzipata, na kwa nini. Hayo ni mambo ambayo mtoto anapaswa kuyasikia kwanza kwa baba na mama yake. Ndiyo sababu tunamzungumzia katika ukurasa huu wa ndoa, na tunawaomba msome ninyi wawili pamoja.

Hatuna nia ya kumfukuza mtu mlangoni. Tuna swali moja tu: zawadi inapofika nyumbani kwenu, je, mtoto anajua imetoka katika mkono wa nani?

Askofu aliyewasaidia wasichana waolewe

Mzee huyu ana asili yake, na asili hiyo ni njema. Jina Santa Claus limetokana na Sinterklaas, yaani jinsi Waholanzi wanavyomwita Mtakatifu Nikolasi. Nikolasi alikuwa askofu wa Myra katika karne ya 4, mji uliokuwa katika nchi ambayo leo ni Uturuki. Mwaka 1087 mabaharia wa Bari, Italia, waliichukua mifupa yake wakaipeleka mjini kwao, ambako mahujaji humheshimu hadi leo. Kanisa humkumbuka tarehe 6 Desemba.

Masimulizi ya kale yanasema kwamba palikuwa na baba mmoja aliyefilisika, naye alikuwa na mabinti watatu. Kwetu mahari hutoka upande wa mume kwenda kwa wazazi wa msichana. Kule ilikuwa kinyume: msichana ndiye aliyepaswa kuingia katika ndoa na mali. Asiye na mali hakuolewa. Baba yule alikata tamaa, akawa karibu kuwatoa binti zake wakauze miili yao. Nikolasi alipopata habari, alikwenda usiku akatupa mfuko wa dhahabu dirishani. Binti wa kwanza akaolewa. Akafanya vivyo hivyo kwa wa pili. Mara ya tatu baba yule alikesha, akamkimbilia mtoaji na kumtambua. Nikolasi akamsihi asimtangaze kwa watu.

Ninyi mnaoishi katika ndoa, yaangalieni vizuri mambo matatu katika masimulizi haya. Kwanza, zawadi hii ilikuwa kwa ajili ya ndoa. Ililinda heshima ya wasichana na kuwawezesha kuwa na nyumba zao. Pili, Nikolasi alijificha ili kumsitiri maskini asiaibike mbele ya majirani. Tatu, hakuuliza ni binti yupi mtiifu na yupi mkaidi. Aliona shida, akatoa.

Jinsi alivyobadilishwa

Ibada ya Mtakatifu Nikolasi ilienea Ulaya nzima. Huko Uholanzi, hata baada ya watu wengi kuacha Ukatoliki, watoto waliendelea kuweka viatu vyao tayari kwa ajili ya zawadi zake. Waholanzi ndio walioanzisha mji ambao sasa ni New York, Marekani. Mwaka 1809 mwandishi Washington Irving alimtaja Nikolasi mara nyingi katika kitabu chake cha mzaha kuhusu historia ya mji huo. Kisha tarehe 23 Desemba 1823, gazeti la Troy Sentinel katika jimbo la New York lilichapisha shairi lisilo na jina la mtunzi, ambalo baadaye lilisemwa kuwa la Clement Clarke Moore. Katika shairi hilo Nikolasi ni mzee mnene mchangamfu, anavutwa juu ya theluji na kulungu 8 wa nchi za baridi, na anaingia nyumbani kwa kupitia bomba la moshi. Si askofu tena. Wala haji tarehe 6 Desemba, bali usiku wa kuamkia Krismasi.

Kuanzia mwaka 1863 mchoraji Thomas Nast alimchora mara kwa mara katika jarida la Harper's Weekly, na watu wakaizoea sura yake. Mwaka 1931 kampuni ya Coca-Cola ilimwajiri mchoraji Haddon Sundblom amchore kwa ajili ya matangazo yake. Wako wanaosema kwamba kampuni hiyo ndiyo iliyombuni na kumvika nguo nyekundu. Hilo si kweli, kwa kuwa alikuwa ameonekana na nguo hizo hata kabla. Lakini matangazo hayo yalimpeleka mbali sana. Hivyo askofu wa Myra kwanza alivuliwa msalaba, baadaye akasahauliwa maskini wake, na mwisho akapewa kazi ya kuuza bidhaa.

Je, dawa ni kumchoma moto? Hilo nalo lilijaribiwa. Tarehe 23 Desemba 1951, mjini Dijon, Ufaransa, sanamu ya Baba Krismasi ilichomwa mbele ya kanisa kuu huku watoto wa parokia wakitazama. Walioichoma walisema anaifanya Noeli kuwa sikukuu ya kipagani. Magazeti ya Ufaransa yalibishana kwa siku nyingi. Mtaalamu wa mila, Claude Lévi-Strauss, aliandika juu ya tukio hilo mwaka 1952. Aliona kwamba swali kubwa si kwa nini watoto wanampenda Baba Krismasi, bali kwa nini watu wazima walimbuni.

Swali hilo linatufaa sisi. Sanamu iliungua, lakini Baba Krismasi hakwisha. Basi tumwache yeye kidogo tujitazame sisi wenyewe. Ni haja gani ndani yetu wazazi inayotufanya tumhitaji?

Anachomfundisha mtoto

Mafundisho yake ya kwanza ni kwamba zawadi ni mshahara wa tabia njema. Watoto wazuri hupewa, watoto wabaya hukosa. Sasa fikirini ploti moja yenye familia kumi. Mtoto wa nyumba ya kwanza amepata baiskeli. Mtoto wa nyumba ya tisa, ambaye baba yake aliachishwa kazi mwezi Agosti, hakupata hata soksi. Alichota maji mwaka mzima, alimbeba mdogo wake mgongoni, na hakukosa Misa. Atafikiri nini? Kwa akili ya mtoto jibu ni moja tu: “Mimi nilikuwa mbaya.” Umaskini wa baba yake umegeuzwa kuwa dhambi yake yeye. Mtakatifu Nikolasi alijificha ili maskini wasiaibike, na huyu aliyechukua jina lake anamwaibisha mtoto wa maskini.

Mafundisho ya pili ni woga. “Usipomaliza chakula, Baba Krismasi hatakuja.” “Ukimpiga dada yako tena, anakuona.” Mzazi anayesema hivyo amemwajiri askari asiye na mwili, kisha amemkabidhi mamlaka aliyopewa yeye na Mungu. Na mara nyingi askari huyo ni wa bure, maana zawadi imekwisha kununuliwa na itatolewa hata mtoto akivunja sahani. Mtoto si mjinga. Ataona kwamba maneno ya baba na mama ni vitisho visivyotimizwa, na ukimkanya juu ya jambo kubwa baadaye, atasubiri aone kama unasema kweli.

La tatu ni kuhusu ukweli wenyewe. Hapa tusitiane hofu kupita kiasi. Mwaka 1994 ulitolewa utafiti uliofanywa Marekani kwa watoto 52 waliokuwa wameacha kumwamini Santa Claus. Wengi waligundua wenyewe wakiwa na umri wa miaka 7 hivi, na kwa jumla walilipokea jambo hilo vizuri. Waliohuzunika zaidi walikuwa wazazi! Lakini mwaka 2016 wataalamu wawili, Christopher Boyle na Kathy McKay, waliandika katika jarida la The Lancet Psychiatry wakiuliza: uongo unaotunzwa na wazazi kwa miaka mingi unafanya nini kwa imani ya mtoto kwao? Swali lao ni la haki, hasa katika nyumba ya Kikatoliki. Mdomo uleule unaomwambia mtoto kwamba Baba Krismasi anamwona ndio unaomwambia kwamba Mungu anamwona. Siku atakapojua kwamba la kwanza halikuwa kweli, msishangae akiuliza kuhusu la pili. Bwana wetu alitutaka tuseme ndiyo iliyo ndiyo na siyo iliyo siyo (Mt 5:37), naye hakusema kwamba watoto ni tofauti.

Mwaka 1897 msichana mmoja wa New York mwenye umri wa miaka 8, Virginia O'Hanlon, aliliandikia gazeti la The Sun akiuliza kama kweli Santa Claus yupo. Mhariri Francis Pharcellus Church alimjibu kwa maneno mazuri kwamba yupo, na jibu lile limechapishwa tena na tena ulimwenguni. Lakini wengi husahau jambo moja. Katika barua yake Virginia alieleza kwamba baba yake ndiye aliyemwambia kuwa gazeti lile halikosei. Mtoto alikuwa na baba nyumbani, na jibu likatoka kwa mhariri asiyemjua.

Wako watakaosema, “Basi hata hadithi tusiwasimulie?” Wasimulieni sana. Bibi zetu walisimulia habari za sungura na fisi, na hakuna mtoto aliyedanganywa. Kwa nini? Kwa sababu bibi alianza kwa kusema “Paukwa!” na watoto wakaitikia “Pakawa!” Mlango wa hadithi ulifunguliwa mbele ya macho yao, wakaingia wakicheka, na ilipokwisha wakatoka. Baba Krismasi naye anaweza kuingia nyumbani kwa mlango huo wa hadithi. Shida huanza anapoingizwa kwa siri kana kwamba ni jirani wa kweli.

Baba wa usiku mmoja

Sasa tufike mahali panapouma. Tuseme mume anafanya kazi Mombasa, mke yuko shambani Machakos na watoto. Miezi 11 mama ndiye anayeamka usiku mtoto akiwa na homa. Ndiye anayesimamia kazi ya shule, anayekataa, anayekemea, anayesema “hakuna pesa.” Tarehe 24 Desemba baba anashuka kwenye basi na mifuko mitatu: viatu vinavyowaka taa, mdoli, bunduki ya plastiki. Watoto wanaruka. Baba ni shujaa. Mama anasimama kando na mwiko mkononi akikanda chapati, na moyoni mwake kuna jambo ambalo hatalisema mbele ya wageni. Tarehe 2 Januari baba anapanda basi kurudi. Wiki hiyohiyo mama anadaiwa karo na sare, na mkopo wa simu ulionunua vile viatu unaanza kudai.

Ndugu zangu waume, Baba Krismasi ni baba anayekuja usiku mmoja na kupotea mwaka mzima. Hajui mtoto yuko darasa la ngapi. Hajui anaogopa nini. Anajua ukubwa wa soksi tu. Msikubali kuwa baba wa namna hiyo. Kazi ya mbali si kosa, nanyi mnaitafuta riziki kwa jasho. Lakini mfuko wa Desemba hauwezi kulipa deni la kutokuwepo. Simu ya dakika kumi kila Jumapili jioni, unapomwuliza kila mtoto kwa jina lake habari za wiki yake, ina thamani kuliko mdoli. Na kabla ya kununua chochote, mpigie mama watoto umwulize, “Mwaka huu watoto wanahitaji nini?” Kisha zawadi itolewe kwa mikono ya wote wawili, na baba aseme mbele ya watoto, “Hii imetoka kwangu na kwa mama yenu, aliyewatunza mwaka mzima.” Mke akisikia maneno hayo, amepokea zawadi ambayo haiuzwi dukani.

Na ninyi kina mama, wengi wenu ndio Nikolasi wa nyumba zenu. Zamu yako ya chama ilipofika uliacha kujinunulia kitenge ukamnunulia binti nguo ya Krismasi. Halafu mnawaambia watoto kwamba imeletwa na mzee wa theluji! Kwa nini? Ni kweli Bwana alituagiza mkono wa kushoto usijue ufanyalo mkono wa kuume (Mt 6:3), lakini hapo alisema juu ya sadaka, ili tusijitukuze na maskini asidhalilike. Nyumbani ni tofauti. Mtoto anahitaji kujua kwamba kuna mtu aliyejinyima kwa ajili yake, na mtu huyo ni yupi, ili ajifunze shukrani na baadaye ajifunze kujinyima kwa ajili ya wengine. Akimshukuru asiyekuwepo, wewe uliyekuwepo unabaki bila asante, na yeye anabaki bila mfano wa kufuata.

Hata Mungu katika Noeli hakutupa zawadi yake akakimbia. Alimtoa Mwanawe akiwa na jina, akiwa na mama anayejulikana, amelazwa horini mahali ambapo wachungaji waliweza kuonyeshwa (Lk 2:12). Alikuja akakaa nasi. Huo ndio mfano wa zawadi katika familia: mtoaji anajulikana, naye anabaki.

Mambo ya kufanya mwaka huu

Kwanza, patanani ninyi wawili kabla ya Desemba. Mume akisema Baba Krismasi ni uongo na mke akisema yuko njiani, mtoto hatajifunza ukweli. Atajifunza kuwachezea wazazi. Ketini, amueni, mseme kwa sauti moja.

Pili, mtoto akiuliza, ajibiwe na ninyi. Si lazima kumvunja moyo mtoto wa miaka minne anayecheka na mtu aliyevaa ndevu za pamba. Huo ni mchezo. Lakini akikutazama usoni na kuuliza, “Baba, ni kweli?”, umemaliza kucheza. Mwambie: “Ni mchezo ambao watu hucheza kumkumbuka askofu mwema aitwaye Nikolasi. Zawadi yako tulinunua mimi na mama, kwa sababu wewe ni mwanetu.” Mwombe pia asiwaharibie watoto wa jirani mchezo wao. Na kama mmekuwa mkisema vingine kwa miaka kadhaa, msiogope kubadili. Watoto hulipokea jambo hili vizuri kuliko tunavyodhani.

Tatu, irudisheni tarehe 6 Desemba. Jioni hiyo, baada ya sala ya familia, simulieni habari za mabinti watatu. Kisha chagueni nyumba moja katika jumuiya yenu ndogo ndogo, labda ya mjane au ya aliyepoteza kazi, mpeleke unga, mafuta au sare ya shule kupitia kwa katekista bila kutaja jina lenu. Watoto wachangie hata shilingi kumi. Hapo ndipo siri inapofaa. Kutoa ni moyo, si utajiri.

Nne, zawadi isiwe fimbo. Mtoto akikosa, arudiwe kwa kosa lake siku hiyohiyo. Zawadi ya Noeli aipate kwa kuwa ni mtoto wenu. Wala msione haya kusema, “Mwaka huu hatuna.” Mtoto anayeambiwa hivyo na wazazi wanaopendana, huku chapati zipo na wimbo upo, hatajiona mbaya.

Tano, pangeni matumizi ya Desemba mkiwa mmeweka ya Januari kando. Karo ikishindikana kwa sababu ya sherehe, anayeumia ni yuleyule mliyetaka kumfurahisha.

Kwa mazungumzo ya mume na mke

Wiki hii, watoto wakishalala, zimeni runinga, mwulizane maswali haya bila kulaumiana:

1. Mtoto wetu akiulizwa ni nani anayempa vitu, atamtaja nani?
2. Je, kuna zawadi tunazonunua ili kufidia muda ambao hatukumpa?
3. Mwaka huu mwenzangu alijinyima nini kwa ajili ya nyumba hii, nami sijamwambia asante?

Swali la tatu lisiahirishwe. Lijibiwe usiku huohuo, kwa mdomo, kabla ya kulala.

Mtakatifu Nikolasi, uliyewawezesha wasichana maskini kuwa na nyumba zao, utuombee sisi wenye nyumba.